Tulifuta 2A, Tukaisahau 21(4)



Mwananchi wa Longonot akishindwa kesi ya madai hapewi muda wa kuhuzunika. Hukumu husomwa, amri hupigwa muhuri, na kabla hajapangusa viatuni vumbi la safari ya mahakamani, dalali amekwisha kusimama langoni na karatasi mkononi. Huandika mbuzi, huandika redio, baiskeli na tangi la maji. Siku saba. Zikipita bila fedha kupatikana, lori hurudi, askari ameketi kando ya dereva, na yote yaliyoandikwa hupakiwa na kwenda kunadiwa. Sheria imemhurumia kidogo tu: imemwachia nguo, malazi na sufuria za kupikia. Mali isipotosha, aweza kuitwa mahakamani ajieleze kwa nini asitiwe jela.

Hatusemi kwamba utaratibu huo wote ni mbaya. Deni ni deni, na maskini naye huwa mdai siku nyingine. Tusemalo ni kwamba katika nchi hii yuko mdaiwa mmoja ambaye dalali hathubutu kulisogelea lango lake, hata kama ameshindwa kesi katika kila mahakama kuanzia kwa hakimu wa Naivasha hadi Mahakama ya Juu. Mdaiwa huyo hatoi mbuzi wala baiskeli. Haitwi kujieleza. Huweza kukaa na hukumu sandukuni mwaka hata mwaka, akijua kwamba mwenye hukumu atazeeka kabla yake. Mdaiwa huyo ni Serikali ya Kenya.

Ngao yake ina jina na ina namba. Ni kifungu cha 21, fungu la 4, cha Sheria ya Mashtaka ya Madai Dhidi ya Serikali, Sura ya 40 ya Sheria za Kenya. Kifungu hicho chasema kwamba hakuna mali ya Serikali itakayokamatwa ili kulipa deni la hukumu, na kwamba hakuna mtu yeyote atakayewajibika yeye binafsi kwa deni hilo. Yasomeni maneno hayo mara mbili. La kwanza huilinda mali; la pili humlinda ofisa. Mali haikamatiki na mtu hashikiki. Basi mwenye hukumu amshike nani?

Na sheria hiyo ilizaliwa lini? Mwaka 1956. Wazee wetu hawahitaji kuelezwa mwaka huo ulikuwa wa namna gani. Ilikuwa Hali ya Hatari. Vijiji vilizungushiwa mahandaki na miba, na makumi ya maelfu ya watu walikuwa kizuizini bila kufikishwa mbele ya hakimu. Serikali ya mkoloni katika saa hiyo ilikuwa na sababu zake za kutotaka kufikiwa na dalali. Tulipopata uhuru mwaka 1963 bendera ilibadilishwa, lakini Sura ya 40 ilibaki. Ilikuja Jamhuri, ukaja utawala wa Nyayo, ikaja vyama vingi, ukaja muungano wa upinde wa mvua, ikaja Katiba mpya tarehe 27 Agosti 2010. Kila aliyeingia Ikulu aliikuta ngao hiyo imetundikwa ukutani, akaona inamfaa.

Hapa yatupasa tujilaumu wenyewe kwanza. Sisi tuliokuwa tukiinua vidole viwili njiani tulikijua kwa moyo kifungu cha 2A, kile kilichoingizwa katika Katiba mwaka 1982 kuifanya Kenya nchi ya chama kimoja. Kila mtoto wa Naivasha na Gilgil alijua kwamba 2A lazima iende, na Desemba 1991 ikaenda. Tukashangilia, na ilistahili kushangiliwa. Lakini nani kati yetu aliyewahi kuinua bango lililoandikwa 21(4)? Tulidhani kwamba tukiisha kuwa na mahakama huru, haki itatembea yenyewe kwa miguu yake. Hatukutambua kwamba jaji aweza kuwa huru kabisa kuandika hukumu, na Serikali ikawa huru vilevile kuiweka chini ya kikombe cha chai.

Watazameni akina mama wa wafungwa wa kisiasa. Tarehe 28 Februari 1992 waliketi Uhuru Park, wakakataa kula mpaka wana wao waachiliwe; walikuwa wakidai watu 52. Miongoni mwao alikuwa mama wa huku kwetu Nakuru, Monica Wangu Wamwere, mzazi wa Koigi wa Wamwere aliyekuwa mbunge wa Nakuru Kaskazini. Tarehe 3 Machi polisi waliwavamia kwa marungu na moshi wa kutoa machozi. Profesa Wangari Maathai alipigwa hata akazirai. Akina mama hao, watu wazima wenye wajukuu, wakavua nguo zao mbele ya askari, laana ambayo hakuna Mwafrika asiyeielewa. Kisha wakakimbilia Kanisa Kuu la Watakatifu Wote, na kanisa likawafungulia. Walikaa humo karibu mwaka mzima, hadi wengi wa wana wao walipotolewa. Waumini wanaouliza kanisa lina kazi gani na siasa wakumbuke chumba kile cha chini ya kanisa.

Miaka ilipita, Katiba mpya ikaja, akina mama wakaenda mahakamani kudai fidia kwa yaliyowapata. Walijibiwa nini? Kwamba wamechelewa. Mahakama Kuu iliwakatalia, Mahakama ya Rufani ikawakatalia. Walikuwa wamekaa miaka zaidi ya ishirini kabla ya kushtaki, na kukawia huko kukahesabiwa kuwa kosa lao.

Tusimame hapa kidogo, maana neno hili "kuchelewa" ndilo kiini cha habari yote. Kwa nini mtu aliyepigwa na dola mwaka 1987 au 1992 hakwenda kortini wiki iliyofuata? Wako waliojaribu. Februari 1987 wakili Gibson Kamau Kuria alitayarisha mashtaka ya kuidai Serikali kwa ajili ya watu waliosema wameteswa mikononi mwa polisi, na mmoja wao alikuwa Mirugi Kariuki, wakili wa Nakuru, ambaye baadaye alikuja kuwa mbunge wa mji huo. Kabla mwezi haujaisha, Kuria mwenyewe alikuwa ametiwa kizuizini. Wakili hakuchelewa, alijibiwa kwa pingu. Mwaka 1988 Bunge la chama kimoja liliwaondolea majaji ulinzi wa kazi zao, ulinzi ambao haukurudishwa hadi 1990. Mwaka 1989 Mahakama Kuu ikatamka kwamba kifungu cha 84 cha Katiba ya wakati huo, kilichompa mwananchi njia ya kutetea haki zake za msingi, hakina uhai, kwa sababu Jaji Mkuu hakuwa ametunga kanuni za kukitumia. Kanuni hizo zilikuja kutungwa mwaka 2001. Mlango ukiwa umefungwa kwa ufunguo kutoka ndani, wa nje aweza kweli kulaumiwa kwa kutoingia mapema?

Ilibidi shauri la akina mama lipande hadi Mahakama ya Juu. Tarehe 27 Januari 2023 majaji wa mahakama hiyo walizipindua hukumu za chini, wakakubali kwamba kukawia kwa watu kama hao kuna maelezo yake, wakaamuru akina mama walipwe shilingi milioni 2.5 kila mmoja. Tangu marungu ya Uhuru Park hadi siku hiyo ilikuwa imepita miaka karibu 31. Tunaipongeza Mahakama ya Juu bila kusitasita. Imesema jambo ambalo halikuwa limesemwa katika daraja hilo: kwamba dola iliyowatia watu hofu haiwezi kuifanya hofu hiyo kuwa utetezi wake.

Lakini itazameni hukumu hiyo kwa upande wa pili. Mahakama ya juu kuliko zote nchini haina dalali wa kumtuma Hazina. Hukumu yake ikifika kwenye kaunta ya wizara huwa karatasi sawa na hukumu ya hakimu wa wilaya. Hupokelewa, hugongwa muhuri wa tarehe, huwekwa katika faili. Kaunta ile haijui daraja la mahakama.

Utaratibu wenyewe ni huu, na yafaa kila msomaji aujue, maana siku moja aweza kuuhitaji. Ukiishinda Serikali, hukumu peke yake haikutoshi. Hungoja siku 21, kisha huomba mahakama hati nyingine yenye kuthibitisha deni. Hati hiyo humpelekea Mwanasheria Mkuu. Sheria yasema kwamba ofisa mwenye dhamana ya fedha katika wizara husika atalipa. Imesema "atalipa", haikusema lini. Asipolipa, huwezi kukamata hata kiti cha ofisi yake. Hufungua shauri jipya Mahakama Kuu, kuomba amri ya kumshurutisha ofisa huyo atimize wajibu wake. Hilo nalo lina ada zake, lina mawakili wake, lina tarehe za kuahirishwa. Ukishinda mara ya pili na asilipe, hufungua la tatu, kumshtaki kwa kudharau mahakama. Na hapo ndipo hugundua kwamba katibu wa wizara uliyemtaja amehamishwa, na aliyekalia kiti chake aapa kwamba habari hizo hazijui na faili hajapata kuliona.

Kesi tatu, ndugu zangu, ili kulipwa iliyokwisha kuamuliwa katika ya kwanza! Mkulima wa Longonot aliyeuza shamba la mahindi kumlipa wakili wa kwanza atauza nini kumlipa wa tatu?

Mahakama zenyewe zimejitahidi. Mahakama Kuu imerudia mara nyingi kwamba, maadamu mali ya Serikali haikamatiki, amri ya kumshurutisha ofisa ndiyo njia pekee aliyobakiwa nayo mwananchi, na imewaita makatibu wa wizara kizimbani wajieleze. Bunge lilipotunga Sheria ya Kudharau Mahakama mwaka 2016, Mahakama Kuu iliibatilisha yote tarehe 9 Novemba 2018, kwa kuwa ilitungwa bila wananchi kushirikishwa ipasavyo na ilipunguza nguvu za mahakama. Mwaka 2024 Mahakama ya Rufani nayo, katika shauri lililoihusu Tume ya Taifa ya Ardhi, ilikataa kuiacha tume hiyo ijifiche nyuma ya 21(4) isilipe deni la hukumu. Majaji basi wanaugonga ukuta. Lakini kifungu kilichotungwa na Bunge hung'olewa na Bunge, na Bunge, lile lile lenye kupitisha bajeti ya nyongeza kwa alasiri moja, halijakigusa isipokuwa kwa kukipanua: baada ya ugatuzi kifungu kilirefushwa kizifunike serikali za kaunti pia. Kwa hiyo mjane aliyeangukiwa na ukuta wa soko la kaunti yumo katika foleni hiyo hiyo.

Kuna jambo baya zaidi, nalo hunenwa kwa nadra. Hukumu yenyewe ina umri. Sheria ya Ukomo wa Madai huzuia kuidai hukumu baada ya miaka 12. Tarehe 21 Julai 2010 Jaji Hannah Okwengu aliwapa fidia watu 21 walioteswa katika vyumba vya chini ya jumba la Nyayo, jumla ikikaribia shilingi milioni 40. Walikuwa wamefungwa gizani, wengine wakisimamishwa katika maji siku kwa siku, ili wakiri kuwa ni wafuasi wa Mwakenya. Baadhi ya wafungwa wa kisiasa wa zamani hizo walimalizia vifungo vyao katika gereza la Naivasha, mwendo mfupi kutoka hapa tuandikapo. Tangu hukumu za namna hiyo zianze kutolewa, manusura wamelazimika kusimama mbele ya waandishi wa habari mwaka baada ya mwaka kuomba walicholipwa kwa maneno kilipwe kwa fedha, na wako waliozikwa wakingoja. Yule aliyeambiwa na Serikali "umechelewa kushtaki" sasa yupo hatarini kuambiwa "umechelewa kulipwa", na aliyemchelewesha ni mdaiwa mwenyewe. Kuna mwizi aliyewahi kupewa sheria nzuri kuliko hiyo?

Wasituambie kwamba Serikali ni mnyama mzito, asiyeweza kwenda haraka. Sisi wa upande huu tumeiona ikikimbia. Oktoba 1993 watu walifukuzwa Enoosupukia kwa mikuki na moto, wakateremka hadi Maela wakaishi kambini. Padri John Kaiser alikuwa nao huko. Desemba 1994 malori yalikuja Maela usiku, majira ya Krismasi, na watu wakapakiwa na kutawanywa katika Mkoa wa Kati kabla hawajajua waendako. Kwa kazi hiyo petroli ilipatikana, madereva walipatikana, amri ilitiwa sahihi bila kupotea katika faili lolote. Kaiser mwenyewe alikutwa amekufa kando ya barabara karibu na Naivasha tarehe 24 Agosti 2000, na ikachukua hadi 2007 uchunguzi wa mahakama kutamka kwamba aliuawa. Kwa mambo fulani dola hii ina mbio za swala. Kwa mengine hutambaa. Nani huchagua?

Wala ugonjwa huu hauponi kesi ikivuka mpaka. Waendorois wa Ziwa Bogoria, jirani zetu wa kaskazini, walitolewa katika ardhi yao miaka ya 1970 ili pawe hifadhi ya wanyama. Mahakama Kuu ya Nakuru iliitupa kesi yao mwaka 2002. Wakaenda kwa Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, na Novemba 2009 Tume ikaamua kwamba Kenya iliwadhulumu, irudishe ardhi na ilipe fidia. Serikali iliunda kikosi cha kulitazama jambo hilo mwaka 2014. Kutazama kwenyewe kulichukua miaka mitano kuanza.

Waogiek wa msitu wa Mau, watu wa Nessuit na Mariashoni juu ya Njoro, walipata ushindi mkubwa zaidi. Tarehe 26 Mei 2017 Mahakama ya Afrika iliyoko Arusha iliamua kwamba Kenya imevunja haki zao katika ardhi ya mababu. Tarehe 23 Juni 2022 mahakama hiyo hiyo ikataja fidia kwa hesabu: shilingi 57,850,000 kwa hasara ya mali na shilingi 100,000,000 kwa madhara ya utu wao, na muda wa kulipa ukawekwa wazi, miezi 12. Miezi 12 ilikwisha Juni 2023. Fidia haikuonekana. Kilichoonekana, Novemba 2023, ni walinzi wa misitu na askari wakizibomoa nyumba za Waogiek huko Sasimwani, upande wa Narok. Hivyo ndivyo hukumu ya bara zima ilivyojibiwa.

Tunajua jibu litakalotolewa na wakubwa, kwa kuwa hutolewa kila mara. Watauliza: mnataka dalali aje ang'oe vitanda vya wagonjwa katika hospitali ya Nakuru? Mnataka magari ya polisi yanadiwe, walimu wakose mishahara, kwa sababu mtu mmoja anadai milioni mbili? Hoja hiyo si ya kudharauliwa, na mwaminifu lazima aikabili. Hatutaki kitanda cha mgonjwa kiguswe. Lakini ichunguzeni vizuri hoja yenyewe. Anayeitoa ndiye aliyeacha kuweka deni hilo katika bajeti. Kwanza hakulipa, kisha humsimamisha mgonjwa mbele yake kama kigao. Na kila mwaka upitao deni huzaa riba, na riba hiyo hulipwa na mwalimu yule yule na muuguzi yule yule kupitia kodi zao. Ucheleweshaji haumwokolei mlipa kodi hata senti, humwongezea.

Isitoshe, wenzetu wamelikuta swali hilo na kulijibu. Afrika Kusini ya makaburu ilikuwa na sheria pacha ya hii yetu, ya mwaka 1957, mwaka mmoja tu baada ya ya kwetu, nayo ilikataza mali ya dola kukamatwa. Bwana Dingaan Nyathi aliungua moto, akatibiwa vibaya katika hospitali za serikali hata akapooza. Serikali ilikubali kosa, mahakama ikaamuru alipwe sehemu ya fidia ili agharimie matibabu na mawakili. Haikulipa. Alikufa kabla shauri lake halijaamuliwa na Mahakama ya Katiba. Tarehe 2 Juni 2008 mahakama hiyo ilitamka kwamba kifungu kile kinapingana na Katiba, na mwaka 2011 Bunge la huko likairekebisha sheria: wizara imewekewa siku za kulipa, isipolipa, hazina yao huingia, ikishindikana, mali inayohamishika hukamatwa, isipokuwa ile ambayo kuichukua kungevuruga huduma kwa umma. Kitanda cha mgonjwa kimo salama. Gari la kifahari la mkubwa ndilo lisilo salama, na huenda hiyo ndiyo sababu jibu hilo halipendwi huku kwetu.

Ulaya nako, mwaka 1997, mume na mke walimu, raia wa Uingereza, waliishitaki Ugiriki kwa kukataa kutii hukumu za mahakama zake yenyewe walipotaka kufungua shule katika kisiwa cha Rhodes. Mahakama ya Haki za Binadamu ya Ulaya iliamua kwamba kutekelezwa kwa hukumu ni sehemu ya kesi yenyewe, si hisani inayofuata baadaye. Katiba yetu, katika ibara ya 159, imesema haki isicheleweshwe. Katika ibara ya 27, watu wote wako sawa mbele ya sheria. Katika ibara ya 48, Serikali ihakikishe kila mtu anaifikia haki. Tuna maneno ya kutosha kuwapita Wagiriki. Tumepungukiwa na dalali.

Waumini watakumbuka habari ya mjane na kadhi dhalimu katika Injili ya Luka, sura ya 18. Mjane alimwendea kadhi kila siku mpaka kadhi akachoka, akampa haki yake. Mahubiri mengi huishia hapo, na wahubiri hutufundisha kudumu katika sala, ambalo ni fundisho jema. Lakini Injili haituambii kama mshtakiwa alilipa. Katika Kenya mjane yule, akiisha kumchosha kadhi, angelazimika kuanza safari ya pili kwenda kumchosha katibu wa wizara, ambaye hamwogopi Mungu, hajali watu, na tena analindwa na Sura ya 40.

Tunadai basi kifungu cha 21(4) kifutwe na mahali pake pawekwe sheria yenye siku zilizohesabiwa, kama ile ya Afrika Kusini, itakayoacha salama vifaa vya hospitali na shule lakini isimwache salama ofisa aliyeamua tu kutolipa. Tunadai madeni yote ya hukumu yaorodheshwe na kuwekwa fungu lake katika bajeti kila mwaka, yasifichwe ndani ya "madeni mengineyo" ambamo mwathiriwa wa mateso hupangwa nyuma ya muuza samani. Tunadai kwamba miaka 12 ya ukomo isimhesabie mwenye hukumu dhidi ya Serikali hata siku moja ambayo Serikali ndiyo iliyokataa kulipa. Na kwa habari ya Mau na Bogoria tunadai tarehe. Kikosi kingine hatukihitaji.

Hatungoji wabunge waamke. Ibara ya 35 ya Katiba na Sheria ya Kupata Habari ya 2016 humpa kila raia haki ya kuiuliza ofisi ya umma na kujibiwa ndani ya siku 21. Ibara ya 119 humpa haki ya kupeleka ombi Bungeni. Tumeazimia kuzitumia zote mbili. Tutamwandikia Mwanasheria Mkuu atupe orodha ya hukumu zote dhidi ya Serikali zilizotolewa na mahakama za Nakuru na Naivasha ambazo hazijalipwa, na tarehe ya kila moja. Asipojibu, tutajua mahali pa kushtaki, na safari hii hatutachelewa.

Kwa hiyo, yeyote mwenye nakala ya hukumu isiyolipwa, yake au ya marehemu mzazi wake, iwe ya kupigwa na polisi, ya shamba lililochukuliwa kwa barabara au reli, au ya mshahara ulionyimwa na kaunta ya serikali, aitafute sandukuni. Aje nayo kanisani Jumapili baada ya ibada ya pili, pamoja na ile hati ya kuthibitisha deni kama aliipata. Asiyejua kusoma Kiingereza cha mahakama asione haya. Wapo vijana watakaomsomea. Nakala asilia tutairudisha mkononi mwake siku hiyo hiyo.